Filamu ya mapanki: tunachoweza kujifunza kwa Hubert Sauper

Ukitaja jina la Hubert Sauper pale mwaloni Kirumba, watu watakuangalia tu. Sema "yule Mzungu wa filamu ya mapanki", halafu uone. Karibu kila mtu mzima niliyemuuliza ambaye alikuwa Mwanza mwaka 2006 ana la kusema, na wengine wanalisema kwa hasira mpaka leo. Ajabu ni kwamba katika hao wote, aliyeiona filamu yenyewe kuanzia mwanzo hadi mwisho alikuwa mmoja. Wengine waliisikia redioni, au waliambiwa na jirani, au walikuwa wadogo na wakakua wanasikia kwamba kuna mtu alikuja akatuchafua.

Mimi nasoma mawasiliano ya umma hapa Malimbe, na mwaka wa tatu unatudai tutengeneze filamu fupi ya hali halisi. Kwa mwanafunzi wa fani hii anayesomea Mwanza, kumaliza chuo bila kumsoma Sauper ni sawa na mtu wa Moshi asiyejua mlima unaanzia wapi. Filamu yake ya mwaka 2004, *Darwin's Nightmare*, ilipigwa hapa hapa: uwanja wa ndege, mialo, visiwa, mitaa ya katikati ya mji. Iliteuliwa kuwania Oscar mwaka 2006. Ilimchukiza Rais. Iliishia mahakamani Paris. Sijui kisa kingine cha filamu kilichogusa mji huu kwa kiasi hicho, kwa hiyo niruhusu nikupitishe humo taratibu, maana kuna mengi ya kujifunza na si yote ya kusifu.

Sauper alizaliwa Austria mwaka 1966, katika milima ya Tyrol, na maisha yake mengi ya kazi ameyafanyia Ufaransa. Anaandika na kuongoza filamu zake mwenyewe, na mara nyingi kamera anaishika mwenyewe pia. Kabla ya Mwanza alikuwa ameingia Kongo. Mwaka 1997 alifuata reli kusini mwa Kisangani ambako wakimbizi wa Rwanda walikuwa wametawanyika msituni wakifa kwa njaa na risasi, na kutokana na safari hiyo akatoa *Kisangani Diary* mwaka 1998. Ni filamu fupi, chini ya saa moja, na ngumu kuitazama.

Ni katika pilikapilika za kazi hiyo ndipo, kwa maelezo yake, aliona jambo lililomleta kwetu. Aliona ndege mbili kubwa za mizigo, zote zimejaa chakula. Moja ilikuwa imeleta tani 45 za njegere kutoka Marekani kwa ajili ya makambi ya wakimbizi. Nyingine ilikuwa inaondoka kwenda Ulaya na tani 50 za samaki wabichi.

Hapo tusimame kidogo, maana filamu nzima imo humo. Darasani tunafundishwa kwamba ukiunganisha picha mbili, mtazamaji anatengeneza ya tatu kichwani mwake. Picha ya uso wa mtu, kisha picha ya sahani ya chakula: mtazamaji anasema "ana njaa", wakati uso ule haukusema chochote. Warusi waliligundua hilo miaka ya 1920 na mpaka leo ndiyo injini ya sinema. Sauper aliikuta injini hiyo tayari inanguruma uwanjani: chakula kinaingia, chakula kinatoka, na katikati kuna watu wenye njaa. Kazi iliyobaki ilikuwa kukaa na kusubiri.

Na alikaa kweli. Alikuja na mwenzake mmoja na kamera ndogo, bila magari yenye nembo na bila msafara. Amesimulia mwenyewe kwamba mara nyingine walijifanya marubani au wapakiaji mizigo ili waweze kupita, na kwamba walikamatwa na polisi na kulipa faini mara kwa mara. Faida ya kukaa muda mrefu unaiona kwenye skrini. Marubani wa ndege za Ilyushin, Warusi na Waukraine, wanaongea naye kama wanavyoongea wakiwa wenyewe, kiatu kimevuliwa na bia ipo mezani. Hakuna sauti ya msimulizi. Kuna maandishi machache tu, na yaliyobaki ni watu.

Watu wenyewe ndio hawa. Raphael, mlinzi wa usiku wa taasisi ya utafiti wa uvuvi, analinda kwa upinde na mishale yenye sumu kwa dola moja kwa usiku. Kazi aliipata baada ya aliyekuwepo kuuawa. Eliza, dada anayeishi na marubani na kuwaimbia kuhusu Tanzania, anasema angependa kusoma kompyuta. Kabla filamu haijaisha tunaambiwa ameuawa na mteja. Jonathan aliwahi kuwa mtoto wa mitaani na sasa anachora. Mwenye kiwanda cha minofu ukutani kwake kuna samaki wa plastiki anayeimba. Watoto wa mtaani wanagombania sufuria ya wali mpaka wanapigana. Wajumbe kutoka Ulaya wanasifu usafi wa viwanda. Halafu yanakuja mapanki.

Kwa msomaji ambaye hakukulia huku: sangara akifika kiwandani anakatwa minofu pande mbili. Minofu inapanda ndege. Kinachobaki, kichwa na mfupa wa kati wenye nyama kidogo, ndiyo panki. Mapanki yanapakiwa kwenye malori, yanaanikwa, yanakaangwa, yanauzwa mitaani na hata mbali na ziwa. Filamu inatuonyesha sehemu ya kuanikia, mabaki yana funza, mama anatembea kwenye tope, na tunaambiwa hewa ya pale inaharibu macho. Sitasema picha hizo ni za uongo. Nitasema tu kwamba watu wengi wa Mwanza wamekula panki lililokaangwa vizuri, pamoja na ugali, na hawakujiona kwamba wanakula takataka. Kichwa cha sangara kina mashabiki wake! Filamu haina nafasi ya mtu huyo.

Sasa twende kwenye silaha, maana hapo ndipo moto ulipowaka. Sauper anawauliza marubani swali moja tena na tena: mnapokuja Mwanza mnaleta nini? Wanasema ndege huja tupu. Anauliza tena. Mwandishi wa habari wa Kitanzania anazungumzia ndege za silaha. Mwishoni rubani mmoja, kwa uzito mkubwa, anakiri kwamba aliwahi kupeleka vifaa vya kivita Angola na kurudi Ulaya na zabibu kutoka Afrika Kusini, na anaumia kwamba watoto wa Angola walipata silaha na wa Ulaya wakapata matunda.

Ni tukio zito. Lakini liangalie kama mwanafunzi. Rubani amekiri kuhusu Angola. Ndege aliyoikiri ilirudi na zabibu, siyo sangara. Mpaka hapo filamu haijatuonyesha bunduki hata moja ikishushwa Mwanza. Inachofanya ni kuweka maneno ya rubani karibu na ndege zilizojaa samaki, na mtazamaji anatengeneza picha ya tatu mwenyewe. Anatoka ukumbini akisema: samaki wanaondoka, silaha zinaingia. Ukimbana Sauper, anaweza kujibu kwamba hakusema hivyo, na kwa maneno atakuwa sahihi.

Je, ni udanganyifu? Nimebishana na wenzangu kwenye vimbweta mpaka taa zikazimwa. Msimamo wangu ni kwamba udanganyifu ni neno kubwa mno, kwa sababu biashara ya silaha kupitia ndege za mizigo katika Maziwa Makuu miaka ile haikuwa hadithi. Ripoti za Umoja wa Mataifa kuhusu Kongo ziliieleza kwa kirefu. Lakini kama jambo ni la kweli kwa eneo zima, mtengeneza filamu bado ana deni la kutuambia ni lipi analijua kuhusu uwanja huu na lipi analihisi. Deni hilo Sauper hakulilipa.

Sifa zilimwagika huko nje. Filamu ilitambuliwa Venice mwaka 2004, ikapata tuzo ya filamu bora ya hali halisi ya Ulaya mwaka huohuo, kisha tuzo ya César ya Ufaransa mwaka 2006 kwa filamu ya kwanza bora. Kwenye Oscar ilishindwa na filamu ya pengwini. (Sisi tulio kando ya ziwa tunaweza kucheka kidogo: ndege wasioruka wakaishinda Ilyushin.)

Huku nyumbani ilikuwa habari nyingine. Mwishoni mwa Julai 2006 Rais Jakaya Kikwete, akiwa hapa Mwanza, aliishambulia filamu hiyo katika hotuba yake ya mwisho wa mwezi. Kilichomkera ni madai ya silaha na picha kwamba Watanzania wanaachiwa mabaki. Agosti kukafanyika maandamano mjini kuipinga. Mwandishi wa habari aliyehojiwa ndani ya filamu akapata misukosuko na vyombo vya dola. Ufaransa nako mwanahistoria François Garçon aliandika makala, kisha kitabu, akiishutumu filamu kwa kupotosha na kudai kwamba baadhi ya matukio ya watoto yalipangwa kwa malipo. Sauper akamshtaki kwa kashfa, na mwaka 2008 mahakama ya Paris ikampa ushindi.

Angalia nani alibeba nini. Sauper alibeba kesi, lakini alibeba pia tuzo. Viwanda viliendelea kukata minofu. Aliyehojiwa na polisi ni Mtanzania aliyekubali kuongea mbele ya kamera. Hilo kwangu ni zito kuliko mjadala wote wa silaha, na nashangaa linavyotajwa kidogo tunapofundishwa maadili ya filamu. Mwenye tiketi ya kurudi anaondoka. Mhusika anabaki mtaani kwake, na mtaa unamjua.

Kitu kingine ni jina lenyewe. Darwin anaingiaje? Filamu inasimulia kwa kifupi kwamba mtu fulani alimwaga sangara ziwani kama jaribio, naye akawala wengine wote. Kisa chenyewe ni kirefu na kinavutia zaidi. Sangara aliingizwa upande wa Uganda miaka ya 1950, kwanza bila kutangazwa, kisha rasmi mwanzoni mwa miaka ya 1960, na kulikuwa na wanasayansi waliopinga. Kwa karibu miaka 20 hakuonekana kufanya makubwa. Katika miaka ya 1980 akalipuka. Furu, wale samaki wadogo wenye mifupa ambao wazee wetu wanawakumbuka kwa jina, walikuwa na spishi zaidi ya 500 ziwani humu, nyingi hazipatikani popote pengine duniani. Inakadiriwa spishi zipatazo 200 zilipotea. Tunajua hayo kwa sehemu kubwa kwa sababu watafiti wa Kiholanzi na wenzao Watanzania walikuwa wakihesabu samaki katika Ghuba ya Mwanza tangu mwisho wa miaka ya 1970. Mmoja wao, Tijs Goldschmidt, aliandika kitabu kizuri kinachoitwa kwa Kiingereza *Darwin's Dreampond*, miaka kumi kabla ya filamu.

Na sangara hakuwa peke yake kwenye kosa. Mbolea na maji taka yalilitia ziwa ukijani, hewa ikapungua kilindini, magugu maji yakaja. Sangara mwenyewe alipoanza kuvuliwa kupita kiasi, baadhi ya furu walirudi. Yaani jinamizi lilikuwa na asubuhi, angalau nusu yake. Filamu ingeweza kutumia dakika mbili kwa hilo. Lakini hadithi ya mnyama mmoja anayekula wote ilifaa zaidi kwa alichotaka kusema Sauper, kwamba mfumo wa uchumi unafanya vilevile.

Yeye mwenyewe amesema angeweza kutengeneza filamu hiyohiyo Sierra Leone, samaki wakawa almasi, au Honduras wakawa ndizi, au Nigeria na Angola wakawa mafuta. Nilipokutana na maelezo hayo nilielewa kilichokuwa kinanisumbua. Kama samaki anaweza kubadilishwa na ndizi, basi Raphael naye anaweza kubadilishwa na mlinzi wa Honduras. Mwanza inakuwa mfano wa hoja ambayo ilikuwepo kabla ya ndege kutua. Ndiyo maana maswali yake mengine yana jibu ndani: anamuuliza mlinzi kuhusu vita, na mlinzi anasema vita ingeleta ajira jeshini. Watazamaji wa Ulaya wanashtuka. Mimi nasikia mtu wa kipato kidogo anayejibu swali aliloulizwa, kama ambavyo wewe ukiulizwa "ungependa boom liongezwe?" hutajibu kwa falsafa.

Usinielewe vibaya, hapa chuoni kuna wanaodhani kumkosoa Mzungu ndiyo uzalendo, wakaishia hapo. Waliosema kwamba filamu ingeonyesha pia majengo mapya na chuo chetu, ambacho kilikuwa chuo kikuu tangu 1998, walitaka kipeperushi cha utalii. Filamu haidaiwi kuonyesha kila kitu. Watoto wa mitaani walikuwepo. Dada zetu waliishi na marubani. Samaki bora alikuwa anapanda ndege, na alipopanda bei mtaani ilipanda naye. Leo bondo la sangara lina thamani kuliko mnofu wenyewe na linakwenda China, na mvuvi wa Ukerewe bado hajui mnunuzi wa mwisho ni nani. Swali la Sauper kuhusu nani anakula na nani anabakiziwa halijafa. Njia yake ya kulijibu ndiyo tunayoipima.

Baadaye hakubadilika sana. *We Come as Friends* ya mwaka 2014 inahusu Sudan Kusini wakati wa kuzaliwa kwake, na safari hii hakupanda ndege za watu: alijenga yake ndogo na kurukia nayo hadi huko. *Epicentro* ya mwaka 2020 inahusu Cuba, ikashinda tuzo kubwa ya filamu za hali halisi za kimataifa kwenye tamasha la Sundance. Ukizipanga zote unaona mtu mmoja mwenye wazo moja: dola kubwa, ndege, na watoto wanaotazama juu. Ila Cuba anatoa nafasi zaidi. Watoto wa Havana wanaongea sana, wanabishana, wanacheza, na filamu inawasikiliza. Kwangu hiyo ndiyo kazi yake bora, ingawa ya Mwanza ndiyo yenye nguvu.

Ukipata filamu ya mapanki kwenye flashi ya mtu, usiitazame kama muvi ya usiku hosteli. Chora nguzo tatu kwenye daftari. Ya kwanza: nilichokiona kwa macho. Ya pili: nilichoambiwa na mtu fulani, na ni nani. Ya tatu: nilichojiambia mwenyewe. Tulifanya hivyo watu sita, na kuhusu silaha nguzo ya kwanza ilibaki tupu kwa kila mmoja wetu, ya pili ilikuwa na mistari michache, ya tatu ikajaa. Kisha rudia dakika kumi za mwanzo, za mnara wa kuongozea ndege na yule jamaa anayehangaika na wadudu dirishani, ukiwa umezima sauti. Utaona kiasi gani cha wasiwasi ulichokipata kinatoka kwenye mkato wa picha.

Halafu tafuta *These Hands* ya Flora M'mbugu-Schelling, Mtanzania, ya mwanzoni mwa miaka ya 1990. Dakika 45, wanawake wanaponda kokoto nje ya Dar es Salaam, wengi wao wakimbizi kutoka Msumbiji. Naye hana msimulizi, naye anaonyesha umaskini bila kuupaka rangi. Lakini haulizi swali lenye jibu ndani. Anaangalia mikono inavyofanya kazi mpaka unaanza kuwatofautisha wanawake kwa namna wanavyopiga jiwe, na wanapoimba na kucheza unaelewa kwamba siku yao haikuwa ya kuponda tu. Mwaka wa kwanza wangeanza na hiyo, ningeulizwa mimi.

Filamu yangu ya mwaka wa tatu ni ya mama anayekaanga mapanki Igogo. Dakika kumi na moja. Nilipomwomba ruhusa aliuliza, "Mwanangu, hiyo picha itakwenda wapi?" Nikamwambia itaonyeshwa chuoni. Akasema nirudi kwanza nimwonyeshe yeye kabla ya walimu wangu. Nilirudi na laptopu, tukaitazama pamoja na binti yake nyuma ya jiko, mafuta yakiendelea kuchemka. Alicheka sehemu ambazo mimi niliona za huzuni. Sehemu moja akataka niitoe: ile anapohesabu hela za siku, kwa sababu majirani wangejua anapata kiasi gani. Kwa mtu wa filamu lilikuwa tukio bora kuliko yote niliyopiga. Nimelitoa.